Chungu cha Mwisho cha Mama Agape

Aidan Luambano alipiga filamu za Wangoni wenzake kwa miaka tisa: wacheza ngoma ya lizombe, wafua vyuma, wakunga wa zamani. Mjini Songea walimwita Mzee wa Kamera, ingawa hajafika arobaini. Alikuwa na sharti moja, na alilitamka kwa kiburi ambacho mimi, rafiki yake, sikukipenda hata siku moja: "Nikishika kamera, mimi sipo. Usiniangalie, usiniite."

Sharti hilo alimpa hata mama yake, Emerensiana, aliyebaki peke yake kijijini, huko Madaba, akifinyanga vyungu. Mama akacheka. "Haya, baba. Hupo."

Asubuhi ya siku ya tatu ya kumpiga mama filamu, Aidan alijibanza chumbani, akapiga picha kupitia dirisha. Mama alikuwa barazani na udongo wake. Katikati ya kazi akasimamisha mkono, akaubana kifuani. Jasho lilimtoka na jua lenyewe lilikuwa bado changa. Jirani yake, Eufrasia, alikuwa akipita na jembe, akasimama.

"Mama Agape, mbona hivyo? Aidan yuko wapi akupeleke zahanati?"

"Hayupo."

"Kaenda wapi?"

"Hayupo tu. Nenda shamba, mwenzangu, nitapoa."

Aidan aliyasikia yote masikioni mwake, kwenye visikilizio. Akatabasamu. Ndiyo, alitabasamu, yeye mwenyewe ameniambia, kwa sababu mama alikuwa amelishika sharti vizuri kuliko wote. Akaendelea kupiga picha dakika ishirini nyingine, mpaka mdomo wa chungu ukakamilika.

Jioni mama alizidiwa. Aidan na majirani wakatafuta gari, na kabla hawajafika hospitali Songea akakata roho.

Dada mkubwa wa Aidan, Agape, alipofika msibani aliuliza swali moja tu: mama alianza kuugua saa ngapi, na nani alikuwepo? Aidan akasema asubuhi alikwenda mjini kuchaji betri. Eufrasia akaapa kuwa ni kweli, maana marehemu mwenyewe ndiye aliyemwambia kuwa mwanawe hayupo. Basi Agape akamkumbatia mdogo wake, akamwambia asijilaumu. Akamwosha miguu, akamlisha. Kila siku ya matanga alimlisha.

Aidan alirudi chumbani kwake Mjimwema, Songea, na ile filamu. Angeweza kukikata kile kipande cha asubuhi, hakuna ambaye angejua. Alikikata mara mbili na mara mbili akakirudisha. Nilimwambia akitupe. Akaniambia ndicho kipande pekee ambamo mama anazungumza juu yake.

Siku ya arobaini, baada ya Misa, ndugu walijaa sebuleni kwa Agape, mtaa wa Ruhuwiko, wamwone mama yao. Aidan akachomeka flashi kwenye runinga, akasimama karibu na mlango. Watu walilia, kisha wakacheka mama alipoutukana udongo uliokuwa na mchanga. Ikafika ile asubuhi. Mkono kifuani. Eufrasia na jembe. Swali, jibu.

Eufrasia akadakia, "Mnaona? Si niliwaambia!"

Agape aliitazama ile picha ikisogea polepole, ikimkaribia mama usoni mpaka jasho likaonekana. Akageuka.

"Aidan. Hiyo kamera ilishikwa na nani?"

"Mimi, dada."

Agape akainuka, akafungua mlango kwa upana, akasimama pembeni kumpisha apite.