Miyenzi ya Carama katika Ua wa Buyenzi

Mtaa wote wa Buyenzi ulimjua Mwanvua kwa kamera ya harusi. Ukiona mwanamke amepanda juu ya meza ya watu, viatu mkononi, jicho moja amelifumba, ujue ni yeye, na ujue bwana harusi ameamriwa acheke upya. Lakini mwaka 2004, milio ya bunduki ikiwa bado inasikika milimani, alishikwa na jambo jingine: akaanza kupiga picha za ardhi. Njia tupu, kisima, msingi wa nyumba ulioota majani.

"Mwanvua," watu wakamtania, "siku hizi unaozesha mawe?"

Sababu ilikuwa jirani yake, Mama Epiphanie, aliyekimbia vita kwao Carama mwaka 1995 akiwa na sufuria moja tu. Tangu hapo hakutaka kulisikia jina la Carama. Ukilitaja, anainuka na kuondoka, hata kama chai yake haijapoa. Mwanvua alimpenda kama mama mzazi, naye aliogopa kwamba ukimya ule utamfutia mama kwao kabisa. Ndiyo maana alikwenda huko na kamera: alitaka mama apatazame tena, walau mara moja.

Basi Jumamosi moja mchana akaazima televisheni tatu, akazipanga uani kama nyumba zilivyokaa kule. Njia akazichora kwa majivu. Katikati akapanga makopo ya miyenzi, ile miti ya utomvu mweupe inayotenganisha viwanja vya watu. Vilima vya Carama vikaanza kupita kwenye kioo, vimezungushiwa moyo mwekundu wenye maua, maana mtambo wake wa kuunganishia picha za harusi haukujua pambo jingine. Watu wakacheka mpaka wakashikana mabega.

Mama Epiphanie akaletwa kwa kushikwa mkono. Akasimama. Kisha mama akainama juu ya makopo.

"Apana! Nani aliweka miyenzi hapa?"

"Mi, mama."

"We mutoto, umemupa Népo avoka yangu!"

Masikini Mwanvua! Ramani yote alikuwa ameelekezwa na muzee Népomuscène, fundi baiskeli, ambaye kule Carama alipakana na mama huyu. Hakuna aliyemwambia kuwa kwa miaka sita wawili hao waligombania mpaka wao na mti wa avoka, yaani parachichi, uliosimama hapo, na kwamba hawajasalimiana tangu wakimbie.

"Miyenzi iko mahali pake," akasema Népomuscène kutoka nyuma ya watu. "Avoka ilizaa kwangu."

"Ilizaa kwako, ilipandwa kwangu! Mwizi wa matawi we!"

Mama akanyanyua kopo, akalisogeza hatua moja. Népomuscène akalirudisha. Akalisogeza. Akalirudisha. Majivu yakawapaka mpaka magotini, televisheni moja ikageuzwa iangalie ukutani, na mama hapumziki: hapa jiko, hapa mbuzi, hapa marehemu mume wangu alikuwa anaota jua, na hapa, Népo, hapa ndipo ulipoanguka na avoka zangu mfukoni! Watu wakashangilia kama mpirani. Mwanvua akaikurupukia kamera, akicheka na kulia, asijue anaanza na lipi.

"Zima hiyo," mama akamwambia, akihema. "Ya nini kupiga picha makopo? Kesho tunaenda Carama. Nitakuonyesha shina la muyenzi wa kwanza."

"Mi pia nakuja," akasema Népomuscène upesi. "Siwaamini nyinyi wawili."

"Kuja. Lakini utatembea upande wako."