Mashine Ilitangaza Msiba kwa Jina Langu

Admin, jina langu libaki kwako. Nina miaka arobaini na saba, ni Mtanzania wa Kigoma, nashona nguo hapa katikati ya mji wa Joburg. Naandika nikiwa na hasira, likitoka neno la kuwakwaza mnivumilie.

Sisi Waswahili wa huku tuna chama chetu cha kufa na kuzikana. Kwa miaka kumi na moja kazi yangu imekuwa moja tu, kupeleka habari za msiba nyumbani. Na mnajua kwetu habari hiyo haipelekwi hivi hivi. Mtu akifariki huku, simpigii mama yake. Namtafuta mjomba au jirani, aende na kina mama wawili watatu wakae naye, waanze na "mtoto anaumwa sana", ndipo taratibu waseme lenyewe. Nimewahi kumaliza siku nzima kwenye simu namtafuta jirani mmoja tu.

Mwaka huu tukapata katibu mpya, kijana wa Kikongo, msomi. Akaleta programu ya akili mnemba. "Mama, sasa utapumzika, hii itaandika kama wewe mwenyewe." Akaomba meseji zangu zote za zamani ijifunzie. Eish, nilijiona wa maana. Nikampa simu kwa mkono wangu.

Mwezi uliopita alifariki kijana wetu mmoja, mlinzi, alikuwa anakaa mtaa wa Bertrams. Katibu akaingiza jina lake kwenye programu ili taratibu za kusafirisha mwili zianze. Mimi bado namtafuta mjomba wa marehemu, kumbe programu imeshatuma rambirambi kwa kila ndugu yake aliyeandikishwa kwenye chama, na mama mzazi akiwemo. Mama wa watu yuko sokoni na dagaa zake, kusoma kunamshinda, akampa mteja simu amsomee. Mteja akasoma yote, mpaka jina langu chini.

Jioni mama akanipigia. Hakulia. Alisema, "Mwanangu, ulishindwa hata kumtuma jirani aje akae na mimi?" Nikaomba msamaha, kana kwamba kweli ni mimi.

Nikamfuata katibu. Mnajua alinijibu nini? "Lakini mama, ule ujumbe ulikuwa mzuri, hauna kosa hata moja." Mwenyekiti naye anataka Jumapili, mbele ya wanachama, niseme niliteleza mimi, watu wasije wakaikataa programu. Eti mimi wananipenda, watanisamehe. Hawa watu hawana haya. Wamemuumiza mama kwa jina langu, halafu wanataka kujificha nyuma ya jina hilo hilo.

Jumapili nitasema ukweli, hilo siombi ushauri, na wakitaka wanifukuze. Kinachoninyima raha ni mama. Bado ananipigia, bado ananiita mwanangu, ameniambia amenisamehe. Nikinyamaza, nabeba kosa lisilo langu mpaka kaburini. Nikimwambia, atajua kwamba siku ile hakuna mtu yeyote aliyemwandikia kwamba mwanawe amefariki, ilikuwa mashine tu, hata huyo wa kumlaumu hakuwepo.

Ndugu zangu mnaosoma, hasa nyie mliofiwa mkiwa mbali, niambieni. Nimweleze, au nimwachie angalau mimi wa kumkasirikia?