Dakika Kumi za Kihehe

Ilianza Jumamosi, saa kumi kasoro dakika kumi alasiri, bibi yangu aliposhuka kwenye lori la Iringa na kuku kwapani, akapita lango la shule yetu ya Mbeya bila kumwuliza mtu.

Nieleze sheria kwanza, maana asiyesoma pale atadhani nazua. Jumatatu hadi Jumamosi adhuhuri tulisema Kiingereza. Baada ya hapo, Kiswahili. Lugha za kwetu, Kihehe, Kinyakyusa, Kisafwa, Kibena, zote kwa pamoja zilipewa saa moja tu kwa wiki, Jumamosi kuanzia saa kumi. Matroni, Mwingereza mwembamba asiyepaza sauti hata siku moja, aliichora saa hiyo kwa chaki kwenye ubao wa bwaloni, chini ya picha ya Malkia mpya. Lilikuwa duara lenye vipande kumi na viwili. Neno moja la kwenu likisikika siku nyingine, kipande kimoja kinafutwa kwa kitambaa kibichi. Dakika tano. Na hazikufutwa zako peke yako, zilifutwa za wote.

Ndiyo maana hatukumchukia matroni. Tulichukiana sisi kwa sisi. Tuliviziana bombani, tuliviziana chooni. Wiki ile msichana mmoja aliungua mkono akisonga ugali, akamwita mama yake kwa Kinyakyusa. Kipande kikafutwa huku mwenyewe bado analia. Mwingine, Mbena, alisema usingizini. Asubuhi bwalo zima lilimzomea, "Wewe, ukitaka kuota, ota kwa Kiingereza!" Tukacheka. Na mimi nilicheka, siwezi kuficha.

Jumamosi ilipofika vilibaki vipande viwili.

Mimi nilikuwa nazihitaji dakika zile kuliko mtu yeyote. Wiki tatu nyuma mjomba aliandika kwamba mama amevimba tumbo na amepelekwa hospitali Iringa. Mwisho wa barua aliandika, "Mengine bibi yako ataleta kwa mdomo." Basi wiki tatu nilikula bila kujua ninakula nini. Nilitaka kujua jambo moja tu, kama mama yu hai.

Sasa huyo bibi amesimama mbele yangu uani, nje ya bwalo, na saa kumi haijafika.

"Shikamoo, bibi," nikasema kwa Kiswahili.

Akageuka nyuma kutazama anayesalimiwa ni nani. Bibi hajui Kiswahili ila neno "lete", alilofundishwa na karani wa kodi. Nikapiga magoti, nikanyamaza. Tukakaa hivyo dakika kumi nzima, yeye ananitazama kama mtoto aliyerogwa, wenzangu wamejaa madirishani. Aliyeshika saa alikuwa kiranja mkuu. Na kiranja mkuu, nataka hili lijulikane, ni Mhehe. Kwao ni ng'ambo ya mto tunakochota maji nyumbani kwetu.

"Haya," akasema. "Kumi."

"Kamwene," nikamsalimu haraka kwa Kihehe.

"Kamwene," bibi akaitikia, akaketi, akanyoosha miguu. Kisha akaanza.

Kwetu habari haitangulii salamu. Hata msiba unasubiri mlangoni mpaka salamu zipite. Aliuliza nimeamkaje, ninaoishi nao wameamkaje, walimu wangu wana afya, ng'ombe wao wana afya, mvua ya huku imekuwaje. Mimi nami ilinipasa kuuliza ya kwake, moja baada ya moja, bila kuruka. Niliuliza. Ila macho yangu yalikuwa kwenye saa iliyotundikwa ukutani mwa bwalo, na bibi akayaona.

"Nilidhani mjukuu wangu anafundishwa," akasema. "Kumbe anafundishwa kumjibu mkubwa huku anatazama ukuta. Tuanze upya. Kamwene."

Akaanza upya kweli, kuanzia nilivyoamka. Dirishani msichana mmoja akasema, "Wahehe nyie, salamu zenu ndefu kama barabara ya Chunya!" Wakacheka. Tulikuwa tumerudi kwenye mvua kiranja alipopiga makofi.

"Zimekwisha."

Nikahamia Kiswahili. "Dada, nakuomba. Hajafika hata kwenye habari ya mama."

"Kwani duara nililichora mimi?"

"Lakini wewe unajua salamu zetu zilivyo."

"Najua. Ungemharakisha."

"Bibi anaharakishwaje? Wewe wa kwenu unamharakishaje?"

Akatazama saa yake. "Yeye anaweza kusema, hakatazwi. Ukimjibu wewe, nafuta za Jumamosi ijayo."

"Hata neno la kuitikia tu?"

"Hata hilo."

Bibi hakuelewa, akadhani tumemaliza kuongea. Akainama karibu yangu. "Mama yako," akasema, akangoja. Kwetu mtu hasemi habari nzito mfululizo kama anamwaga mahindi. Anasema kidogo, unaitikia, ndipo anaendelea. Usipoitikia umekataa kupokea. Na kumtikisia mkubwa kichwa ni kama kumfukuzia nzi.

Nilitazama madirishani. Wasichana arobaini, wote wananikatalia kwa macho. Yule aliyeungua mkono alikuwemo, kitambaa mkononi.

"Mama yako," bibi akarudia.

Nikafumba mdomo.

Huwa nasema nina hasira na matroni, na ni kweli ninayo. Nina hasira na kiranja, na chaki, na kile kitambaa. Lakini ile inayoniamsha ni ya mdomo wangu. Nilikuwa mtoto mwoga, niliogopa kuzomewa bwaloni, nikamwacha bibi aliyesafiri siku mbili juu ya magunia ya mpunga akingoja neno moja dogo. Akangoja. Kisha akainuka, akamkabidhi kiranja yule kuku, maana alikuwa wa walimu wangu, akaondoka bila kugeuka. Matroni aliyaona yote kutoka barazani. Akaniambia kwa Kiingereza kwamba nimeonyesha nidhamu nzuri sana.

Kesho yake Jumapili tulipangwa mistari kwenda kanisani. Lori lilikuwa limelala sokoni, na ilisemekana linaondoka saa mbili, na bibi angerudi nalo. Nikatoka mstarini.

"Rudi!" kiranja akaniita. Matroni yuko pale pale.

Nikamjibu kwa Kihehe, kwa sauti ambayo sikujua ninayo, kwamba afute za Jumamosi ijayo, na inayofuata, na za Krismasi, afute mpaka ubao utoboke. Wenzangu wakapiga kelele, wengine wakanitukana kwa lugha zao wenyewe. Nikakimbia.

Bibi alikuwa ameshapanda, amekaa juu ya mzigo. Nilipiga magoti kwenye mafuta yaliyovuja chini ya lori, na gauni langu jeupe la Jumapili, nikaanza na Kamwene. Sikuruka kitu. Dereva alipiga honi mara tatu. Bibi akamwinulia mkono bila kumtazama. Mvua ikapita, ng'ombe wakapita, majirani wakapita.

Ndipo akasema, nami nikamwitikia kila neno. Mama yu hai. Wamempasua tumbo, hawezi kusimama, hana wa kumlisha mchana, na bibi alikuja kuwaomba walimu wangu wanipe ruhusa.

Dereva akawasha gari. Nikakanyaga gurudumu, nikashika kamba, nikapanda.