Deo na sentensi moja tuliyomnyima

Bado akili yangu inakataa. Jumapili tulikuwa tunabishana kwenye simu, leo nimetoka kummwagia udongo kaburini Mpitimbi. Moyo, wanasema. Alikaa kwenye kiti chake darasani, hakuinuka.

Kwa msiomjua: Deo alikuwa mwalimu wa shule ya msingi Mshangano, na mchezaji wa chesi ambaye mkoa huu hautapata mwingine karibuni. Nimemwoa binamu yake, kwa hiyo aliniita shemeji, hasa akitaka kunidhalilisha.

Miaka yote ile sikumshinda hata mara moja. Siku moja tulitoka sare, nikaita majirani waje kuona. Baadaye mkewe akaniambia Deo alikuwa na malaria.

"Shemeji, huku unakufa na huku unakufa," aliniambia kila nikishika farasi. "Chagua kifo chenye heshima."

Mchezo aliupata kwa baba yake, naye kwa baba yake, hadi kwa babu mzaa babu aliyekuwa mhudumu kwenye boma la Wajerumani hapa Songea.

Huyo babu alisimama nyuma ya kiti cha afisa na birika la kahawa mkononi, akawa anaangalia kete zinavyotembea. Hakuna aliyemwelekeza. Nyumbani alichora miraba kwa majivu, akapanga vipande vya magunzi ya mahindi, akamfundisha kaka yake. Siku moja afisa alimkuta barazani akisogeza kete peke yake. Akacheka, akamketisha wacheze.

Vita vya Maji Maji vilipofika Ungoni, babu aliliweka birika chini, akaenda kunywa dawa na wenzake. Walikamatwa yeye na kaka yake, wakafungwa minyororo kungoja kitanzi.

Afisa akamwona kwenye mstari wa wafungwa. Akamtoa wacheze, mnyororo ukiwa shingoni. Chakula kikiiva mchezo unasimama, unaendelea kesho yake. Babu akaelewa haraka kwamba mchezo usipoisha, hanyongwi. Akaurefusha siku tano.

Siku ya sita akasikia jina la kaka yake limesomwa kwa ajili ya asubuhi inayofuata. Alipoitwa mezani, hakurefusha tena. Hatua tatu tu, mfalme wa afisa akakosa pa kwenda, askari wote wakiona. Asubuhi ndugu wale wawili walinyongwa pamoja. Askari mmoja wa zamu ndiye aliyempelekea mjane habari.

Deo akisimulia, akifika hapo alikuwa anavua miwani. "Shemeji, yule mzee angeweza kuishi. Aliumaliza mchezo mwenyewe."

Sasa nisikilizeni, maana hasira hii nimeibeba tangu kanisani.

Miaka tisa iliyopita, kituo kidogo cha utamaduni ninakofanya kazi kilifungua chumba cha kumbukumbu. Msifikirie makumbusho makubwa. Ni chumba kimoja chenye bati linalovuja. Deo akatuletea kete za mti alizochonga mtoto wa yule babu. Alitukabidhi kwa mikono miwili, kama mtu anayekabidhi mtoto.

Tukaziweka kwenye sanduku la kioo, chini tukaandika: "Kete za mtumishi mwaminifu aliyefundishwa chesi na bwana wake Mjerumani."

Deo alisoma mara mbili. Akaniuliza kwa upole ni nani aliyeandika. Nikamjibu ni ofisi.

Ilikuwa mimi. Bosi alisema wageni wa nje wanakuja, tuandike kitu chenye positive energy, nami nikajiona fundi wa maneno. Mtu aliyenyongwa, nikamwita mwaminifu. Mtu aliyejifunza kwa macho yake, nikampa mwalimu.

Alichotaka ni sentensi moja: "Alijifunza mwenyewe, akamshinda afisa, akanyongwa pamoja na kaka yake."

Kila likizo alikuja kufanya follow-up, shati limepigwa pasi. Tukamwambia alete ushahidi wa maandishi. Aandikiwe na nani, waliomnyonga? Tukamwambia jambo lenyewe ni sensitive. Tukamwambia limepelekwa kwenye kamati. Kamati gani? Hiyo kamati sijawahi kuiona, na chai ya vikao vyote pale huwa naagiza mimi.

Alikuwa anachungulia mlangoni kwangu na kusema, "Hamjambo hapa? Yule mzee wangu bado mwaminifu?" Nami nacheka naye. Mungu anisamehe, nilikuwa nacheka.

Leo kanisani bosi amepanda mbele kutoa salamu za ofisi. Akasema tumempoteza kitukuu wa mtumishi mwaminifu aliyefundishwa na Wajerumani. Watu wakaitikia kwa vichwa. Maneno yangu, kwenye kipaza sauti, juu ya jeneza la Deo.

Nikatoka nje. Mjane wa Deo akanikuta pale ukutani. Nikamwambia yote. Akanitazama kama anavyomtazama mtoto mkubwa mwenye kamasi.

"Alijua tangu siku ile, baba. Alisema nisikuguse, utasema mwenyewe."

Miaka tisa.

Kutoka Mpitimbi sikwenda nyumbani. Funguo za chumba ninazo mimi. Nimeitoa ile karatasi, nimeichana, nimeandika sentensi ya Deo kwa mkono, kwa herufi kubwa, neno kwa neno. Picha hiyo hapo chini. Mwandiko mbaya ni wangu, ukweli ni wake.

Bosi, najua unanifuata humu. Barua ya onyo uilete mezani kwangu, ila hiyo karatasi usiiguse. Nanyi wa Songea, kesho piteni mwisome, mwisome kwa sauti, mje na watoto.

Deo, samahani yangu imekukuta chini ya udongo, na hilo sitalisahau. Pumzika salama, shemeji. Kesho saa moja na nusu asubuhi nitakuwa nimekaa mlangoni pa kile chumba, kabla watu wa ofisi hawajafika.