Msiba wa Bi Irmgard Nilioutangaza Mimi

Wenzangu, haya ni mambo ya kuficha uvunguni, lakini nikinyamaza yananikaba, basi nichekeni tu. Mimi namtunza Bi Irmgard, bibi wa Kijerumani, ghorofa ya tisa huku Scarborough, Toronto. Kwao alikuwa mwigizaji hasa, filamu na tamthilia za televisheni, mtu wa kusimamishwa barabarani apigwe picha. Akamfuata mume Toronto, na huku lafudhi yake ikamfungia milango (miaka na miaka, hata nafasi ya kupita tu nyuma ya mtu hakupewa). Mwaka huu ndipo akapata: bibi anayefia kitandani, maneno mawili, basi.

Siku yenyewe ya kupigwa hiyo filamu naingia asubuhi, namkuta kalala chali, uso mweupe kama unga, mdomo wazi. Nikaita, "Bi Irmgard!" Kimya. Mwenye akili angemgusa. Mimi nikashika simu (sisi na misiba mnatujua, anayechelewa kutangaza hulaumiwa), nikaandika kwenye grupu la kina mama, "Bibi yangu amefariki," kisha nikaangua kilio cha Tanga, cha kusikika hadi kwenye lifti.

Maiti akafumbua jicho moja. "Mwanaidi, nafanya mazoezi. Nimekufa vizuri?"

Kumbe poda! Nikacheka, nikalia, nikamkumbatia, na ule ujumbe nikausahau kabisa, hadi kina mama watatu walipopiga hodi na chupa za chai na sufuria ya maharage, na marehemu mwenyewe akawafungulia mlango. Mmoja alikaa chini palepale kwenye korido.

Aibu ile ningeimeza. Lakini Zuhura naye yumo kwenye grupu, na Zuhura ndiye dereva wa wale watu wa filamu, aliyekuwa aje kumchukua saa nane. Kwa huruma yake akawaambia wakubwa zake. Tulipompigia, mama mwingine alikuwa ameshapewa nafasi yake na kuvalishwa gauni la kulalia.

Bi Irmgard hakunifokea. Alikaa mbele ya kioo akifuta poda taratibu, akasema, "Hii ndiyo ilikuwa ya mwisho, Mwanaidi." Roho iliniuma, na inaniuma mpaka leo.

Nimeapa, sitangazi tena msiba wa mtu kabla sijamgusa kwa mkono wangu. Naye kila mchana akijinyoosha kupumzika huniambia, "Nalala tu, usiandike." Tunacheka wote wawili, halafu anageukia ukutani.