Sekela, mpiga kafi aliyemvusha baba mkwe bila kumtazama

Mvua imekatika kidogo. Sekela anausukuma mtumbwi kwa pondo katikati ya migomba iliyosimama majini, anainama kuupisha mkungu wa ndizi, kisha anawageukia wageni wake wawili, mke na mume kutoka Ulaya, na kuwaonyesha jiko.

Jiko lenyewe ni magogo ya migomba yaliyofungwa pamoja kwa kamba, juu yake udongo uliopigwa ukakauka, juu ya udongo mafiga matatu na sufuria ya ndizi inayochemka. Mpishi, mama aliyevaa koti la mtumba linalomfika magotini, anawapungia wageni mwiko. Kamera zinalia.

"Wanasema wamekuja kuona kijiji kinachoelea," anasema Sekela kwa sauti ya chini, kana kwamba wageni wanajua Kiswahili. "Mimi nawaambia hapa hakuna nyumba inayoelea. Nyumba zimesimama kwa miguu yake. Vinavyoelea ni majiko, bata na sisi wenyewe."

Kijiji hicho ni Isyanga, mahali Mto Mbaka unapoingia Ziwa Nyasa. Kila masika maji hupanda hadi uani, ndiyo maana nyumba zake za mianzi zimejengwa juu ya nguzo tangu zamani. Mwaka huu wa 1998, kwa mvua hizi ambazo redio inaziita El Nino na watu wa hapa wanaziita balaa, maji yamepanda na yamekataa kushuka. Mpunga umeoza shambani. Kakao imesimama ndani ya tope.

Kilichobaki cha kuuza ni maji hayo hayo. Nyumba ya wageni moja ya Matema, ufukweni mwa ziwa hilo, iliyofunguliwa baada ya biashara kuwa huria, ilianza kuwaleta watalii kuzungushwa kwa mtumbwi. Mfanyakazi wake, kijana aitwaye Patrick, ndiye anayewaleta na kuwatafsiria. Anayepiga kafi ni Sekela, kwa sababu hakuna mwanamume wa Isyanga anayemfikia.

Yeye ni Mkisi, mzaliwa wa pwani ya ziwa chini ya Milima ya Livingstone, ambako mtoto hujua kafi kabla hajajua kufunga kamba za viatu. "Viatu vyenyewe tuliviona wapi?" anacheka.

Kwa kila mzunguko hupewa shilingi mia nane. Ananunua mchele na sabuni. Mchele, katika nchi ya Kyela! Analisema hilo kwa aibu, kwa sababu nyumba yake haikuwahi kununua mchele tangu aolewe.

Mtumbwi unafika mwisho wa kijiji, kwenye nyumba moja iliyo peke yake, nzuri kuliko zote, kuta zake zimepakwa udongo mwekundu na mweupe. Mgeni wa kike ananyanyua kamera. Lakini Sekela anaiacha njia pana, anaingia kwenye matete nyuma ya nyumba, na anapita akiwa amegeuzia uso wake upande wa ziwa. Mgeni anauliza kulikoni. Patrick anakuna kichwa. Amekwisha kuieleza habari hii kwa wageni wengi na kila mara anaona haikueleweka.

Hiyo ni nyumba ya mzee Anyitike, baba mkwe wake Sekela. Sasa haina mtu.

Kwa Wanyakyusa wanaoishika mila, mwanamke aliyeolewa hamtazami baba wa mumewe. Hapiti mbele yake, hakai naye chini ya paa moja, wala halitaji jina lake. Si chuki. Ni heshima, na wenyewe wanaiita *ukutila*. Siku hizi familia nyingi za Kikristo zimeilegeza. Anyitike ni mzee wa kanisa, na besi yake ilikuwa ikisikika hadi nje Jumapili, lakini kwa jambo hili wachungaji walisema wakachoka.

Basi mkwe na baba mkwe waliishi kijiji kimoja bila kuonana. Mzee aliposikia mtumbwi wa Sekela unakuja huku yeye yuko nje, aligonga nguzo kwa mpini wa jembe. Sekela akisikia, alizunguka kwenye matete. Mama mkwe alipofariki, Sekela akachukua kazi ya kumpikia mzee. Alikifunga chakula kwenye kapu, akakitundika nyuma ya nyumba, akaondoka. Jioni alikuta bakuli limeoshwa, na ndani yake limewekwa kitu. Mara samaki aliyeparuliwa tayari, mara ndizi mbivu, mara tunda la kakao kwa ajili ya Neema, binti wa Sekela.

"Mimi namjua kwa bakuli," anasema. "Siku amefurahi najua. Siku mgongo unamsumbua najua pia, maana bakuli halikuoshwa vizuri. Uso wake siujui. Nilimwona kisogo tu, mara moja, kwa mbali, nikakimbia."

Mwezi wa tatu, siku moja, wanaume wa Isyanga walikwenda Makwale kwenye mazishi, na kwa hali ya barabara wasingerudi mpaka kesho yake. Lameck, mume wa Sekela, alikuwa ng'ambo ya mto Songwe, Karonga, nchini Malawi, alikokwenda kuuza vitenge. Chama cha ushirika alikokuwa karani kilipokufa, aligeuka mchuuzi wa mpakani Kasumulu kama wenzake wengi.

Sekela alikuwa na wageni wawili na Patrick. Walipoikaribia nyumba ya mwisho, alisubiri kusikia nguzo ikigongwa. Haikugongwa. Aliona kivuli cha kofia ya mzee kwenye maji, kofia iliyoning'inia kwenye msumari wa nje ambako hakuiacha kamwe akiwa ndani.

"Nilikaa nikisikiliza. Nikamwambia kaka Patrick, panda ukaangalie, hapa pana neno."

Patrick alimkuta mzee ameanguka sakafuni. Upande mmoja wa mwili haukusogea na mdomo ulikuwa umekwenda kombo, lakini akili ilikuwepo na maneno yalitoka, mazito. Hospitali iko Matema. Gari lililowaleta wageni lilikuwa limeondoka na lisingerudi mpaka jioni, na kwa mafuriko yale njia iliyobaki ilikuwa moja tu, ya ziwani. Patrick hajui kupiga kafi. Wageni nao, Mungu awasaidie, walikuwa wakijua kukaa tu.

Mzee alipoelezwa ni nani atakayempeleka, alikataa.

"Alisema, mwambie mkwe wangu aende zake, mimi nitawasubiri wanaume," anakumbuka Patrick. "Nikamwambia, mzee, wanaume wanarudi kesho. Akasema, basi kesho."

Sekela alikuwa nyuma ya nyumba, mtumbwi umeegemea ukuta wa mianzi. Alisikia kila neno. Hakuwahi kusema na mzee huyo maisha yake yote, na hata wakati huo hakusema naye. Alipaza sauti akisema na Patrick, ili mwingine asikie.

"Kaka Patrick! Mwambie mzee mimi nitakaa mbele ya mtumbwi. Yeye alazwe nyuma, afunikwe kanga. Nitampa mgongo mpaka Matema. Sitageuka."

Kisha, kwa mujibu wa Patrick, mzee akasema neno moja tu: "Ndaga." Asante.

Wageni walisaidia kumteremsha, wakabaki kwenye ulingo wa nyumba ya mzee kusubiri kuchukuliwa. Sekela aliketi mbele, akafunga kitambaa kichwani kikambana mashavuni asije akaona kwa pembe ya jicho, akaanza.

Mtu asiyejua mitumbwi hawezi kuona ugumu uko wapi. Mtumbwi huongozwa na anayekaa nyuma. Huko ndiko kafi inapogeuka usukani. Anayepiga kafi mbele peke yake, na mzigo wote uko nyuma yake, anavuta chombo kinachotaka kwenda kushoto na kulia kama mbuzi wa kamba. Na siku hiyo mwera ulikuwa unavuma, mawimbi yanakuja kwa ubavu.

"Mgonjwa wako yuko nyuma yako, hujui yu hai au amekufa," anasema Sekela. "Kazi yangu ilikuwa kuuliza tu. Kaka Patrick, anapumua? Anapumua. Napiga kafi, nauliza tena. Anapumua?"

Katikati ya safari wimbi liliingia. Patrick alichota maji kwa kiatu chake huku akimshika mgonjwa kwa mkono mwingine, akamfokea Sekela ahamie nyuma auongoze mtumbwi kama watu wengine wanavyofanya, watakufa wote kwa ajili ya mila. Hakuhama.

Leo, akiulizwa kuhusu dakika ile, Sekela huweka kafi magotini kwanza.

"Nikikumbuka naogopa. Nilikuwa na roho ya mtu mwingine pale, huyu kijana wa watu ana mama yake. Lakini nilikuwa nimemwahidi mzee. Alikubali kupanda kwa ahadi ile tu. Ningegeuka, ningekuwa nimemlaghai mtu asiyeweza hata kuinuka. Sikuogopa afe. Niliogopa afe ameaibika."

Siku za kawaida safari hiyo huisha jua halijakuwa kali. Siku ile walifika limeanza kuinama. Mzee alipona kifo. Muuguzi alieleza kwamba mkono na mguu wa kulia huenda visirudi, na kwamba kwa ugonjwa wa namna ile, mgonjwa akiwahi huwa afadhali. Hakumlaumu mtu. Lakini Sekela alilisikia neno "akiwahi", na halijamtoka.

Nyumbani lawama zilimngoja pande zote. Wanawake wazima walisema amevunja heshima kwa kumpakia mzee kwenye chombo chake. Lameck aliporudi kutoka Karonga alisema kinyume chake, na kwa hasira.

"Ungekaa nyuma ungefika mapema, na baba angekuwa na mkono wake," alimwambia.

"Nilimjibu, baba Neema, ningekaa nyuma baba yako asingepanda kabisa," anasema Sekela. "Akaenda kulala. Lakini usiku nilisikia halali. Na mimi silali. Wote wawili tunajua alivyosema ni kweli, na nilivyosema ni kweli."

Mzee Anyitike sasa yuko Ipinda, kwa mdogo wake Yakobo, kulikoinuka na kukavu. Hapo ndipo shida mpya ilipoanza. Mke wa Yakobo, bibi Angetile, ni mzee naye na kiuno chake hakimruhusu kumwinua mtu. Mabinti wa Anyitike wameolewa mbali. Lameck anakwenda mwisho wa wiki, akiacha biashara. Siku nyingine mgonjwa hugeuzwa na wanaume wa jirani wakipata nafasi, na wanaume wa jirani, tuseme ukweli, nafasi huwa hawana. Vidonda vya kulala vimeanza mgongoni.

Sekela anapika na kumtumia chakula kwa gari la mizigo linaloanzia pale barabara inapotoka majini. Bakuli linarudi limejaa nusu, halikuoshwa, halina kitu.

"Kumgeuza mgonjwa naweza. Mama yangu nilimuuguza mpaka mwisho, hakupata kidonda hata kimoja," anasema. "Nakaa hapa nazungusha wageni kuwaonyesha bata, na mzee wangu anaoza Ipinda."

Mila ina mlango wake. Baba mkwe akitaka, huwaita ndugu, akampa mkwe zawadi kwa mkono wake mwenyewe na kumwambia aingie. Tangu siku hiyo huwa kama binti yake, anaweza kumlisha na kumwosha. Hakuna mwingine anayeweza kuufungua mlango huo, si mume, si ukoo, si mchungaji. Ni yeye tu.

Mwezi uliopita Lameck alipiga magoti kando ya kitanda akaomba kwa niaba ya mkewe. Yakobo alikuwepo. Anasema kaka yake alilia kwanza, kisha akazungumza kwa mdomo wake ule mzito, kidogo kidogo, mpaka wakaelewa.

"Alisema, mwanamke yule alitaka kufa na mimi majini kuliko kunivunjia heshima," anasimulia Yakobo. "Halafu leo nimwite aje anioshe uchi wangu? Alichonipa ni kikubwa. Sitakirudisha. Mwambieni simwiti, kwa sababu nampenda."

Ndugu walitikisa vichwa, wakaona mzee amenena. Lameck alirudi nyumbani akamweleza mkewe maneno hayo kama yalivyo, akidhani yatamfurahisha. Sekela aliyasikiliza hadi mwisho, akachukua kapu akaenda kuparua samaki.

"Niliparua huku nalia," anasema. "Amenisifu, na kwa sifa hiyo amenifungia nje. Ndaga fijo, namshukuru sana, lakini heshima hiyo inamtoboa mgongo."

Mtumbwi umerudi pale watu wanapoteremkia. Wageni wanashuka, wanashukuru, wanapanda gari na Patrick. Sekela anakamua maji kwenye kitenge chake na kuuvuta mtumbwi hadi kwenye nyasi.

Jumapili baada ya ibada atakwenda Ipinda, na safari hii hatamtuma mtu. Ameshamwambia mumewe, naye hakubisha. Ataketi nje, nyuma ya ukuta wa chumba cha mgonjwa, na atasema kwa sauti ya kusikika ndani. Wanawake wazima wanaweza kusema wanavyotaka. Mzee akikataa tena, atarudi Jumapili nyingine, na nyingine.

Anatazama ziwani kwa muda, upande wa milima ya kwao.

"Siku ya msiba wake nitaruhusiwa," anasema. "Ndivyo ilivyo hapa kwetu. Watanishika mkono waniingize, nimwone, nilie kama wakwe wenzangu wanavyolia. Sitaki iwe siku hiyo. Nataka nimwone wakati na yeye ananiona."