Mfinyanzi wa Gashoho aliyengoja zamu yake ya kupata hasara

Saa tatu asubuhi, mvua imekatika kidogo hapa Gashoho, Muyinga. Emiliana anachukua jiko la udongo kutoka kwenye safu, analigeuza, kisha analiegemeza shavuni kama mtu anayesikiliza. Udongo ambao bado una maji huwa wa baridi shavuni. Ukiuchoma hivyo, unapasuka.

Leo kila jiko analipima mara mbili. Yako arobaini na matano, na yakipasuka hakuna mtu atakayemletea hata moja.

"Zamani nilikuwa nawasha moto, nafunika, naenda zangu kupalilia maharagwe," anasema huku akipanga majiko shimoni. "Sasa nakaa hapa mpaka jioni. Nikisikia 'pa!' tu, moyo unaruka."

Emiliana ana miaka thelathini na sita. Wazazi wake ni watu wa Itaba, Gitega, ila yeye alikulia kambini Tanzania, na huko ndiko alikofundishwa kufinyanga. Aliporudi Burundi aliolewa na Gervasi, mkulima wa Gashoho. Uchomaji mmoja ukienda vizuri, akishalipa kuni, hubakiwa na faranga laki moja na nusu hivi. Hizo ndizo chumvi, sabuni na madaftari ya watoto wanne.

Ukienda vibaya, hakuna kitu. Ndiyo maana wafinyanzi kumi na wawili wa hapa waliunda kikundi chao, Dufashanye, maana yake tusaidiane. Sheria yao ni fupi: mwenzako akipasukiwa, unampelekea majiko matatu mazima, yanayouzika.

Emiliana alijiunga akidhani ni kama kirimba, ule mchezo wa kuchangiana ambao kila mtu ana zamu yake ya kupokea.

"Nilikuwa nahesabu majina," anasema. "Huyu amepata, yule amepata, bado watatu, halafu mimi."

Majina yaliisha, yakaanza upya. Miaka mitatu shavu lake halikukosea hata siku moja, kwa hiyo miaka mitatu alitoa tu. Farida, ambaye huwa na haraka na hangoji udongo ukauke, alipasukiwa mara tatu.

"Mara tatu!" Emiliana anainua vidole vyenye tope. "Na kila mara anakaa kwenye mkeka analia, na sisi tunampangia majiko mlangoni kama mahari."

Farida ametoka katika familia ya wafanyabiashara wa Muyinga mjini. Mkono wake wa kufinyanga ni wa kawaida, lakini kuuza anajua. Mwaka jana, baada ya kupasukiwa mara ya tatu, aliyapakia majiko thelathini na matatu ya wenzake juu ya lori la maharagwe, akayapeleka Gitega kwa mwenye duka aitwaye Twaha.

Mwezi wa kumi na mbili Twaha alifika Gashoho mwenyewe, akiwa na jiko moja mkononi kama mfano. Alimtafuta Farida, akamwagiza mengine mia moja ya namna ile ile, yenye mdomo mnene.

Emiliana alikuwa amesimama hatua tano tu kutoka hapo. Aliliona lile jiko. Chini ya kitako lilikuwa na mibonyeo mitatu ya vidole, ambayo huiweka yeye peke yake.

"Lilikuwa langu. Nilitaka kusema, mdomo ukagoma," anasema. "Nilirudi nyumbani nikalala mchana. Sikuwa mgonjwa. Ulikuwa wivu."

Farida hakatai. "Mi sikuiba, walinipa," anasema. "Twaha aliniuliza kama majiko iko mazuri, nikasema iko mazuri. Hakuniuliza ni ya nani. We ungefanya nini?"

Kuanzia hapo Emiliana alikuwa akipita mbele ya nyumba ya Farida bila kusalimia. Mabati mapya aliyaona. Viatu vipya vya binti wa Farida aliviona pia. Jioni moja Gervasi alichoka kusikia habari hizo hizo, akacheka.

"Mama Elikana, unataka na wewe upasukiwe?"

Mwezi wa pili, siku moja baada ya mvua, Emiliana aliyaweka majiko shavuni, akasikia baridi, akayapanga shimoni hivyo hivyo. Kisha akawasha moto.

"Yalilia kama mahindi kwenye kikaango," anasema kwa sauti ya chini. "Thelathini na manane. Nilisimama hapa nikiyasikiliza, na mwanzoni nilifurahi."

Wenzake walikuja kesho yake wakiwa na majiko vichwani. Hakuna aliyemshuku. Farida alileta sita badala ya matatu, akamkumbatia, akalia kuliko mwenye hasara.

Lakini sokoni mambo yalikuwa mengine. Wateja wa Emiliana waliyapindua yale majiko, wakatazama chini ya kitako, wakayarudisha. "Mama, haya si yako," walisema. "Tutangoja yako." Mwezi mzima aliuza manne.

Jumapili moja ya mwezi wa tatu alisimama katika mkutano wa kikundi akasema alichofanya. Imelda, mwenyekiti wao, ndiye aliyemjibu.

"Nilimwambia, wewe umeona mgonjwa anapikiwa uji, ukatamani homa," anasema Imelda. "Hapa hakuna zamu. Aliyebaki mzima hajapunjwa. Yeye ndiye aliyepata."

Wengine walitaka afukuzwe. Farida ndiye aliyewakatisha. "Mbona mnakuwa wakali hivyo?" aliuliza. "Wivu yake inamtosha. Mumwache."

Waliamua Emiliana arudishe majiko yote, na kwa mwaka mzima asipewe chochote akipasukiwa. Thelathini na mawili aliyabeba siku hiyo hiyo, na yale manne aliyouza akayafinyanga upya. Lakini kilichomchoma zaidi si adhabu.

"Kutetewa na Farida!" anasema, na kwa mara ya kwanza leo anacheka. "Hata wema anataka kunishinda."

Saa kumi jioni anaondoa majivu kwa jembe. Matatu yamepasuka. Arobaini na mawili yametoka mekundu, mazima. Anayagonga kwa kidole moja moja, na kila moja linaitika.

Farida anaingia uani, kitenge kiunoni kimelegea kwa kutembea haraka. Anainama, anapitisha kidole kwenye mdomo wa jiko moja.

"Mama Elikana, we mkono wako nani alikupa?" anauliza. Anamgeukia mwandishi. "Mi nikifinyanga, usiku naota mdomo wa majiko yake. Niandikie hiyo. Mi pia iko na wivu."

Emiliana anaacha kugonga. Hilo hakuwa amelisikia kabla.

Farida anaendelea haraka, kama anayetaka kulifunika. Twaha anataka majiko ishirini Jumatano, na Farida ana manane tu. Lori lipo. Emiliana anaweza kutia yake.

"Nitatia yangu na mimi mwenyewe nitapanda," anajibu Emiliana.

"Bon, upande. Lakini kule we utasema nini? We hata bei hujui kutaja."

"Bei utataja wewe."

Mwezi wa tatu mwakani Emiliana anakusudia kurudi katika ulinzi wa Dufashanye, atoe majiko yake matatu kila anapotakiwa, hata asipopokea kamwe. Anasema amechoka kulinda shimo siku nzima. Lakini kwanza kuna Jumatano. Hajawahi kukanyaga duka la Twaha, na Kifaransa cha watu wa dukani kinamtisha.

"Sitasema maneno mengi," anasema baada ya Farida kuondoka. "Nitaweka jiko langu mezani, nitalipindua. Twaha atauliza nani ameliunda. Mimi nitanyamaza, nitamtazama Farida. Nataka alitaje jina langu yeye, kwa mdomo wake, mbele ya watu."